“Jusqu'à nouvel ordre”: barua isiyo na tarehe ya mwisho

Wandugu wa association, leo siongei juu ya udongo wala juu ya ugonjwa wa migomba. Leo nataka tusome barua. Tuisome sawa vile watu wa Lettres wanasoma riwaya, mustari kwa mustari, tukiuliza kila neno linafanya kazi gani pale lilipo.

Niko na barua tatu za namna hiyo mu telefone. Moja ni ya kwangu. Mbili zingine nilitumiwa na watu wa promotion yetu, kisha kuuliza mu groupe ya WhatsApp: nani kati yetu amekwisha kusimamishwa kazi kwa maandishi? Zimetoka kwa waajiri watatu wenye hawajuani: proje ya kilimo, shule ya binafsi, na kampuni ya usafiri. Lakini ukiziweka moja pembeni ya ingine, utafikiri ni mukono moja uliziandika. Kichwa ni “suspension à titre conservatoire”. Mustari wa kwanza unasema “suite aux faits vous reprochés”. Wa pili unasema umesimamishwa “jusqu'à nouvel ordre”. Wa tatu unakuomba urudishe vitu vya kazi: pikipiki, telefone, funguo. Kisha sinyatire, na chini kabisa “copie pour information”, pamoja na majina ya ofisi ine ao tano.

Tuanze na mustari wa kwanza. Makosa yenye unashitakiwa. Makosa gani? Barua haisemi. Kati ya zile tatu, hakuna hata moja yenye kutaja tendo, tarehe, ao mahali. Mwenye kusoma anaweza kuwaza wizi, anaweza kuwaza ulevi, anaweza kuwaza mambo ya wanawake. Na kwa vile copie imeenda mu ofisi tano, wasomaji ni wengi, na kila moja anajaza lile shimo na mawazo yake. Ndugu yetu mwalimu aliniambia mama mukwe wake alijua habari mbele yeye mwenyewe hajapokea barua. Mu barua yake, orodha ya watu wa kujulishwa ni ndefu kuliko maelezo ya kosa. Mutu aliyeiandika alijua muzuri nani anapashwa kuisoma.

Lakini neno lenye lilinikalisha chini niandike ni lile la mustari wa pili.

Jusqu'à nouvel ordre. Mupaka amri mpya. Tunalijua toka utoto. Barabara imefungwa jusqu'à nouvel ordre, masomo yamesimama jusqu'à nouvel ordre, soko limehamishwa jusqu'à nouvel ordre. Ni neno la mwenye nguvu kwa asiye na nguvu, na hakuna mutu anauliza ile amri mpya itatoka siku gani, juu tunajua mwenyewe hajui. Mu tangazo la barabara, tutavumilia. Mu barua ya kazi, ni neno lenye sheria ya kazi ya inchi yetu haina nafasi yake. Na barua tatu kati ya tatu zinalo.

Niseme kwanza namna lilinipata mimi, kwa ufupi.

Nilikuwa animateur wa kilimo mu proje moja, contrat ya mwaka moja, kuanzia tarehe 1 mwezi wa 9 mupaka tarehe 31 mwezi wa 8. Mwezi wa 3, saison B ikiwa imeanza, walihesabu mu depo wakakuta mifuko 22 ya mbegu ya maharagi imepungua. Watu watatu tulikuwa na ufunguo: mimi, mwenye kuandika mu kaye ya depo, na mulinzi. Sisi watatu tulipokea barua siku moja, maneno ni moja, jina tu lilibadilika. Hata kosa la kuandika lilikuwa lile lile.

Nikarudisha pikipiki. Mushahara ukakatika toka ule mwezi. Sasa, wenye kulima wanajua: maharagi ya mufupi inakomaa mu miezi mitatu hivi. Wakulima wenye nilikuwa nafuata walipanda, wakapalilia mara ya kwanza, wakapalilia mara ya pili, wakavuna, wakakausha ku shiti mbele ya nyumba. Nilikuwa napita barabarani naona mashamba yenye nilipima mimi mwenyewe na kamba. Mama moja aliniletea sahani ya maharagi mapya ku nyumba, akaniuliza: “Agronome, ugonjwa wako haujapona?” Alikuwa ameambiwa niko mugonjwa. Nilimwambia asante mama, nitapona. Mu ile muda yote hakuna mutu wa proje aliniita hata siku moja kuniuliza ufunguo wangu ulikuwa wapi ile wiki.

Sasa tufungue Code du travail. Mimi si mwanasheria, lakini hiyo si kitabu cha siri. Ni loi n° 015/2002 ya tarehe 16 mwezi wa 10 mwaka 2002, yenye ilibadilishwa mu sehemu zingine mwaka 2016. Inapatikana bure ku intaneti, na ni ya kuaibisha kwamba mimi niliifungua mara ya kwanza nikiwa tayari mu shida.

Article 57 inataja mambo yenye kusimamisha contrat ya kazi bila kuivunja. Kuko ugonjwa na ajali. Kuko mimba na kuzaa. Kuko kuitwa jeshini, kazi za uraia, mgomo wenye kufuata sheria, kufungwa gerezani, na force majeure. Mu ile orodha, katikati kabisa, kuko mesures disciplinaires, maana yake azabu. Hapo ndipo naweka lawama yangu ya kwanza juu ya maandishi ya Code yenyewe. Mama mwenye kuzaa na mutu mwenye kuazibiwa wamekalishwa ku banc moja. Najua sababu: Code inaangalia contrat tu, na contrat mu hali zote mbili imelala. Lakini mugonjwa hakusimamishwa na mutu. Mwenye kuazibiwa, kuko mutu mwenye alimusimamisha, na ule mutu ndiye mwenye kuchunga saa. Ningependa ile hali iwe na article yake peke yake, kubwa, yenye hata mutu wa mwaka wa kwanza anaona.

Hata hivyo, Code inaweka mupaka, na mupaka ni mufupi kuliko vile wengi wetu tunawaza. Azabu ya kusimamishwa inapashwa kuwa imeandikwa mbele, ao mu contrat, ao mu convention collective, ao mu règlement d'entreprise. Kila kusimamishwa hakuwezi kupita siku 15. Na kwa mwaka hakuwezi kupita mara mbili siku 15. Ni hiyo tu. Mwajiri mwenye ule mukaratasi wa règlement hauko, hana hata zile 15.

Mulango wa pili uko mu article 72. Mwajiri mwenye anataka kufukuza mutu kwa faute lourde, iko na siku 15 za kazi kuanzia siku alijua kile kitendo, amujulishe kwa maandishi. Kama anaitaji uchunguzi kwanza, anaweza kumusimamisha, lakini ule uamuzi anapashwa kuujulisha mu siku mbili za kazi. Siku mbili! Na uchunguzi wenyewe umewekewa muda. Kwa hiyo Code inajua kusimamishwa kwa namna mbili, azabu na uchunguzi, na kila namna iko na kalenda. Namna ya tatu, ile ya kungojea tu, hakuna.

Basi “à titre conservatoire” ilitoka wapi? Ni neno la watu wa sheria wa Ufaransa. Kule wanatenganisha mise à pied ya azabu na mise à pied ya kulinda mambo wakati kesi inafanyika. Lakini kule lile neno lilikuja pamoja na saa yake. Mwajiri akimuweka mutu pembeni “conservatoire”, anapashwa kuanzisha kesi palepale. Mwaka 2013, Cour de cassation iliangalia mwajiri mwenye aliacha siku sita zipite bila sababu kati ya kusimamisha na kuanzisha kesi. Siku sita tu. Tribunali ikasema: hiyo haikuwa ulinzi, ilikuwa azabu, na kwa vile mutu haazibiwi mara mbili kwa kosa moja, kule kumufukuza kukaanguka. Na mufanyakazi wa serikali kule, akisimamishwa, anabaki na mushahara wake wa musingi, na jambo lake linapashwa kumalizika mu miezi ine. Ikipita, anarudishwa, isipokuwa kama kuko kesi ya jinai. Ba patron wetu walichukua lile neno, wakaacha saa ku uwanja wa ndege.

Kuna swali lenye liliniangaisha zaidi. Kama proje iliwaza kwamba mimi ni mwizi, mbona haikunifukuza? Kumufukuza mwizi ni haki yao. Jibu nililipata siku nilichukua kalamu na kupiga hesabu, si siku nilisoma barua.

Chukua mutu wa contrat isiyo na mwisho, mwenye miaka mitatu ya kazi. Kumufukuza bila faute lourde kunaomba préavis: siku 14 za kazi, ongeza siku 7 za kazi kwa kila mwaka muzima, article 64. Ni 14 na 21, siku 35 za kazi, na kisha décompte final. Yeye mwenyewe akichoka akaacha kazi, ndiye sasa anadaiwa préavis, nusu ya ile. Basi musimamishe bila mushahara, ngoja. Mwezi wa kwanza anakopa. Mwezi wa pili anauza simu. Mwezi wa tatu anapata kazi ya kufundisha mahali kwa franga kidogo, na siku ile ile amejitoa mwenyewe. Hakuna préavis, hakuna décompte, hakuna mutu alifukuzwa.

Kwa contrat ya muda kama zetu za proje, hesabu ni mbaya zaidi. Article 70 inasema mwenye kuvunja contrat ya muda bila haki analipa mishahara na faida zote za wakati wenye ulibaki. Kwangu mimi, mwezi wa 3, ulibaki karibu nusu mwaka. Kunifukuza bila ushahidi kungewaombea mishahara ya nusu mwaka. Kunisimamisha kuliwaombea karatasi moja na wino. Contrat inajimalizia yenyewe tarehe 31 mwezi wa 8, kama mushumaa. Ndiyo maana ninasema “jusqu'à nouvel ordre” si uvivu wa kuandika. Tarehe haikusahauliwa. Ni kutokuwa na tarehe ndiko kunafanya kazi yote mu ile barua.

Yaya moja wa promotion ya mbele yetu, mwenye alifanya droit kisha agronomie (kuko watu wenye nguvu), alinitumia hukumu za India akisema: soma, huku kwetu tunahesabu siku, wao waliuliza ule mutu anakula nini. Nilizisoma usiku mbili. Hizo ndizo zilinionyesha upande wenye sikuwa nimeona.

Kuko ile ya mulinzi mukubwa wa machimbo ya zahabu ya Kolar, mu jimbo la Karnataka. Jina lake mu hukumu ni Captain M. Paul Anthony. Mwaka 1985 polisi walipekua nyumba yake, wakasema wamekuta kidonge cha zahabu cha grami 4,5 na mchanga wenye zahabu wa grami 1276. Kampuni ikamusimamisha. Uchunguzi wa kampuni ukaendelea ku machimbo, na yeye alikuwa amerudi kwao Kerala, bila pesa ya safari, juu ile posho ya kusimamishwa hakupewa. Akaandika kwamba hawezi kufika. Wakaendelea bila yeye, wakamufukuza mwaka 1986. Mwaka 1987 tribunali ya jinai ikamuachilia: ule upekuzi wenyewe haukusimama. Akapigana mupaka ku Mahakama Kuu ya India, na mwaka 1999 ikamupa haki: arudishwe, alipwe yote toka siku alisimamishwa. Miaka karibu 14 juu ya grami 4,5. Sisi tunaishi mu inchi ya machimbo, hiyo hadithi haiitaji kutafsiriwa.

Mbele yake kulikuwa mulinzi wa pori wa Madhya Pradesh, mu hukumu ya mwaka 1973. Uchunguzi ulifanywa kilometa 500 mbali na mahali alikaa, naye hakuwa na posho. Mahakama ikasema kesi ya namna ile si kesi.

Sheria yao ya wafanyakazi wa viwanda inasema wazi: mwenye kusimamishwa akingojea uchunguzi anapata nusu ya mushahara mu siku 90 za kwanza. Kisha hapo, kama uchelewesho si kosa lake, anapata asilimia 75. Angalieni namna ile inafanya kazi. Kadiri mwajiri anachelewa, ndivyo analipa zaidi. Kwetu, kadiri anachelewa ndivyo anapata faida. Hata ukiongeza siku ngapi ao ukipunguza siku ngapi mu article 57, mwenye njaa hawezi kufika ku uchunguzi, na mwenye hakufika anahukumiwa bila kusikilizwa.

Lakini siwasifu Wahindi bila kuangalia. Ile hukumu yao yenye kujulikana zaidi, ya Ajay Kumar Choudhary ya tarehe 16 mwezi wa 2 mwaka 2015, iliniacha na hasira kidogo. Ni mukubwa wa serikali mwenye alikuwa anachunga ardhi za jeshi mu Kashmir. Alisimamishwa mwisho wa mwezi wa 9 mwaka 2011 juu ya mashamba ya ekari ine hivi, na kule kusimamishwa kukaongezwa na kuongezwa. Jaji Vikramajit Sen akaandika maneno makali sana juu ya aibu ya mutu mwenye watu wote wanamuangalia vibaya mbele hajashitakiwa. Akarudi mupaka ku Magna Carta ya Uingereza. Akaweka kanuni: kama miezi mitatu inapita bila karatasi ya mashitaka, kusimamishwa hakuwezi kuendelea, kama karatasi imetolewa, lazima kuandika sababu za kuongeza muda. Muzuri sana. Kisha, ukifika mwisho, Choudhary mwenyewe hapati kitu ku ile kanuni, juu wakati hukumu inatoka, karatasi ya mashitaka ilikuwa imekwisha kutolewa. Alingojea zaidi ya miaka mitatu, akafungulia wengine mulango, yeye akabaki inje. Mwenye kuchelewesha alijifunza kwamba inatosha kuandika mashitaka mbele jaji hajamaliza kuandika hukumu. Mimi ningependa kurasa zile za Magna Carta ziwe mbili chache, na mistari ya Choudhary iwe miwili zaidi.

Najua waajiri nao wako na neno, na si la kutupa. Mukubwa moja wa proje ingine, mutu mwenye naheshimu, aliniambia: “Leki, caissier mwenye nashuku nikimuacha ku kaise wiki moja, atachoma risiti zote. Unataka nifanye nini?” Ni kweli. Nimeona depo yenye kaye yake iliibiwa usiku ule ule wa kuhesabu. Mutu anaweza kutolewa pembeni ya ushahidi, hata palepale, hata bila kuombwa mawazo. Lakini nilimuuliza naye: kuhesabu mifuko 22, kulinganisha kaye na bon de sortie, kuuliza watu watatu wenye ufunguo, ni kazi ya siku ngapi? Alicheka, akasema siku mbili, tatu kama mvua inanyesha. Basi mwezi wa ine wote, wa tano, wa sita, walikuwa wanalinda ushahidi gani?

Na sisi nasi tuko na sehemu yetu. Sisi wenye licence, tunasoma contrat sawa vile tunasoma masharti ya intaneti: tunashuka chini, tunasinya. Sikuwa nimeona règlement d'entreprise ya ile proje hata siku moja, na sikuiomba. Nilipopokea barua, nilisinya accusé de réception bila kuandika tarehe kwa mukono wangu. Kisha nikanyamaza miezi mitano. Watu walinishauri: tulia, usiwachokoze, watakurudisha, ukienda ku inspection hautapata attestation de service muzuri, na proje zote zinajuana. Na mimi niliona ni hekima. Mwalimu yeye alinyamaza zaidi ya mwaka. Hapo kuko jambo lenye kila moja wetu anapashwa kujua: mu Code yetu, kudai mushahara kunazeeka mu mwaka moja, wakati madai mengine ya kazi iko na miaka mitatu. Mwenye kungojea amri mpya kwa adabu, miezi yake ya kwanza inakufa moja moja nyuma yake, na yeye anawaza anachunga amani.

Ku inspection du travail nilienda mwezi wa 8, contrat yangu ikiwa imebakiza siku tisa. Lazima kupita pale kwanza. Tribunal du travail haipokei mutu mwenye hajapitia conciliation. Inspecteur alikuwa mama wa makamo, mwenye kusema polepole. Aliomba contrat, aliomba barua, aliomba bulletin de paie ya mwisho. Akasoma barua mara moja, akaigeuza nyuma kama mwenye kutafuta kama kuko kitu kimeandikwa kule. Akaniuliza: “Papa, na règlement d'entreprise?” Nikasema sina. Akaandika. Akaniuliza: “Walikuita lini kwa uchunguzi?” Nikasema hawakuniita. Akaandika. Akaniuliza mbona nimekuja leo. Sikujua kujibu.

Siku ya conciliation, mujumbe wa proje alikuja na chemise safi na dosie nyembamba. Alisema jambo moja tu, na alilirudilia mara tatu kwa upole: “Hatukumufukuza. Tulimusimamisha tu.” Inspecteur akamuuliza: mupaka lini? Akafungua dosie, akasoma barua tena, akasema: “Jusqu'à nouvel ordre, mama.” Akaulizwa ile amri ingetoka kwa nani. Akasema atauliza ku ofisi.

Tulisinya procès-verbal de non-conciliation, na dosie yangu sasa iko njiani kwenda tribunal. Mulinzi wa depo hakuja. Alikwisha kurudi kwao, yeye hata copie ya barua hana. Mifuko 22, sijui iko wapi mupaka leo, na sizani kuko mutu aliitafuta.

Sasa ombi langu kwa ukurasa huu. Kama uko na barua ya namna hii, funika jina lako, funika jina la mwajiri, funika kasheti. Acha vitu viwili tu vionekane: tarehe ya barua, na mustari wenye kusema mupaka lini. Tuma kwa wenye kuchunga ukurasa, na uongeze siku ulirudi kazini, ao siku ulijua hautarudi. Ndugu wetu wa droit walikubali kuhesabu zile siku pamoja nasi, barua kwa barua, kisha kwenda kuziweka ku meza ya inspection. Zangu ni 171, toka tarehe ya barua mupaka mwisho wa contrat. Mwalimu anahesabu zake jumapili hii.